Filamu bubu ya Somme iliyowaonyesha Waingereza wafu wao

MNAMO Agosti 21, 1916, kumbi 34 za sinema jijini London zilianza kuonyesha filamu moja kwa pamoja. Haikuwa na sauti. Haikuwa na mwigizaji mashuhuri wala kisa cha mapenzi. Kwa muda wa saa moja na robo hivi, watazamaji walionyeshwa wanajeshi wa Uingereza wakijiandaa kwa mapigano, wakifyatua mizinga, wakirejea na majeraha, na baadhi yao wakiwa maiti wanaosubiri kuzikwa. Vita vyenyewe vilikuwa bado vinaendelea ng'ambo ya mkondo wa bahari, na wengi waliokuwa wamekaa vitini walikuwa na mtoto, mume au ndugu huko.

Filamu hiyo iliitwa The Battle of the Somme, yaani Vita vya Somme. Inakadiriwa kuwa katika wiki sita za kwanza pekee tikiti zipatazo milioni 20 ziliuzwa, katika nchi iliyokuwa na watu milioni 40 na ushei. Wapo waliotazama zaidi ya mara moja. Hakuna filamu nyingine ya uzalendo ya enzi ya sinema bubu iliyokusanya umati wa aina hiyo nchini Uingereza, na hadi leo wanahistoria wanajadiliana iwapo iliwatia watu ari ya kupigana au iliwaliza tu.

Serikali ya Uingereza haikuanza vita ikiipenda kamera. Vilipozuka mwaka wa 1914, Waziri wa Vita, Lord Kitchener, aliwapiga marufuku waandishi wa habari na wapigapicha kukaribia medani. Majenerali waliiona sinema kuwa burudani ya watu wa kipato cha chini, kitu cha kuchekesha baada ya kazi, kisichofaa kuaminiwa na mambo mazito ya dola. Wajerumani na Wafaransa walipokuwa tayari wanasambaza picha zao, nchi zisizoegemea upande wowote zilikuwa zinaviona vita kwa macho ya wengine. Ndipo mwaka wa 1915 wenye kampuni za filamu walipokubaliana na Wizara ya Vita kupeleka wapigapicha wachache Ufaransa, chini ya ulinzi na uchunguzi mkali wa jeshi.

Hadi kufikia Juni 1916, kazi hiyo ilikuwa imewaangukia watu wawili. Wa kwanza, Geoffrey Malins, alikuwa amekaa Ufaransa tangu mwishoni mwa 1915 na alifahamu mazingira. Wa pili, John McDowell, alifika siku chache tu kabla ya mashambulizi kuanza. Malins alipangiwa eneo la kaskazini, karibu na kijiji cha Beaumont Hamel. McDowell alikuwa kusini, pande za Fricourt na Mametz.

Ni muhimu kukumbuka walikuwa wamebeba nini. Kamera ya wakati huo ilikuwa sanduku zito lililosimamishwa juu ya miguu mitatu, na mpigapicha alilazimika kuzungusha mkono wake bila kusita na kwa mwendo uleule ili picha zisiruke. Asingeweza kukimbia nayo akiwafuata askari. Asingeweza kupiga picha gizani. Aliyetoa kichwa juu ya handaki ili aone vizuri alikuwa pia anaonekana vizuri na mdunguaji wa upande wa pili. Ndiyo maana sehemu kubwa ya filamu inaonyesha yaliyotangulia mapigano na yaliyofuata: milima ya makombora, farasi wakivuta mizigo, vikosi vikiandamana barabarani huku askari wakipunga kofia na kuikodolea macho ile kamera kana kwamba hawajawahi kuiona. Wengi wao, kwa hakika, hawakuwa wameiona.

Asubuhi ya Julai 1, Malins aliingia katika kijia kilichozama kati ya majeshi mawili, ambako askari wa kikosi cha Lancashire Fusiliers walikuwa wamejibanza wakisubiri saa. Picha alizopiga pale ni miongoni mwa zile zisizosahaulika kirahisi. Mmoja anatabasamu. Mwingine anaitazama kamera kwa jicho lisilo na tabasamu lolote. Muda mfupi baadaye waliamrishwa kutoka, na wengi wao waliuawa au kujeruhiwa ndani ya saa moja.

Malins alirudi nyuma na kuilenga kamera yake kwenye kilima cha Hawthorn, ambako wahandisi wa jeshi walikuwa wamechimba njia chini kwa chini na kuzika tani zipatazo 18 za baruti chini ya ngome ya Wajerumani. Katika kumbukumbu zake anaeleza jinsi alivyoanza kuzungusha mkono kabla ya wakati na kuingiwa na hofu kwamba mkanda ungemwishia kabla ya mlipuko. Saa moja na dakika 20 asubuhi, ardhi iliinuka kama mti mkubwa wa udongo, kisha ikaanguka. Watazamaji wa London waliuona mlipuko huo bila kusikia chochote ila piano au bendi ya ukumbi.

Dakika 10 baadaye mashambulizi yalianza kwenye mstari wote. Kufikia usiku, jeshi la Uingereza lilikuwa limepoteza watu 57,470, na kati yao 19,240 walikuwa wamekufa. Haijawahi kutokea siku nyingine mbaya kama hiyo katika historia ya jeshi hilo. Takwimu hizi hazimo ndani ya filamu. Maelezo yaliyoandikwa kati ya picha na picha yanazungumzia kusonga mbele, mahandaki yaliyotekwa na mateka wa Kijerumani, na mtazamaji wa 1916 angetoka ukumbini akiamini kwamba siku ile ilikuwa ya ushindi.

Hapa ndipo upo ugumu wa kuihukumu kazi hii. Aliyetaka uongo atauona, kwa kuwa maneno yake yaliteuliwa na kupimwa. Lakini picha zilizowekwa chini ya maneno hayo hazikuficha kila kitu. Wamo majeruhi wakibebwa kwenye machela, nyuso zao zikiwa karibu kabisa na kamera. Wamo maiti wa Kijerumani, na, jambo ambalo halikutarajiwa, wamo maiti wa Kiingereza. Katika tukio moja, askari wa kikosi cha Manchester amelala amekufa na kando yake amelala mbwa wa kikosi, aliyeuawa pamoja na bwana wake. Katika jingine, askari anapita handakini akiwa amembeba mwenzake mgongoni, na maandishi yanaeleza kuwa aliyebebwa alifariki nusu saa baada ya kufikishwa hapo.

Mikanda ilipofika London na kukaguliwa, waliohusika walitambua kwamba walikuwa na kitu kikubwa kuliko vipande vifupi vya habari vilivyozoeleka. Malins, akishirikiana na mtaalamu wa filamu Charles Urban, aliiunganisha kuwa filamu moja ndefu ya sehemu tano. Agosti 10 ilionyeshwa kwa wageni waalikwa katika ukumbi wa Scala. Kabla taa kuzimwa, ilisomwa barua ya David Lloyd George, aliyekuwa amekwisha kuchukua Wizara ya Vita baada ya kifo cha Kitchener, akiwahimiza raia kuhakikisha kwamba filamu hiyo inafika kila mahali ili matendo ya askari yajulikane. Mwezi uliofuata, Mfalme George wa Tano aliitazama katika kasri la Windsor, naye akawahimiza watu waende kuiona.

Kwa maneno mengine, uzalendo wa filamu hii haukutoka kwenye skrini peke yake. Ulitoka kwenye barua iliyosomwa, kwenye maandishi, na kwenye muziki. Jarida la wenye sinema, The Bioscope, lilichapisha orodha ya nyimbo zilizopendekezwa kupigwa kwa kila sehemu, zikiwa mchanganyiko wa muziki wa kijeshi, nyimbo za mitaani na vipande vya watunzi wakubwa. Mpiga piano mwerevu wa mtaa fulani angeweza kuyafanya maandamano ya wanajeshi yaonekane kama sherehe, na mwenzake wa mtaa wa pili angeyafanya yaonekane kama mazishi, ilhali mkanda ni uleule.

Watazamaji nao walikuja na yao. Wengi walikwenda kutafuta sura. Mama aliyepokea barua ya mwisho mwezi Juni aliingia ukumbini akitumaini kumwona mwanawe akipita, hata kwa sekunde mbili, hata akiwa amegeuka upande. Frances Stevenson, katibu wa Lloyd George, ambaye kakake alikuwa ameuawa Ufaransa mwaka uliotangulia, aliandika katika shajara yake kwamba filamu ilimsaidia kuelewa yale ambayo kwa muda mrefu alikuwa amejaribu bure kuyafikiria kuhusu kifo cha nduguye.

Si kila mtu aliyefurahia. Mkuu wa kanisa la Durham, Hensley Henson, aliliandikia gazeti la The Times akilalamika kwamba misiba ya watu imegeuzwa kuwa burudani na kwamba mioyo ya wafiwa inatoneshwa kwa kiingilio. Msimamizi wa ukumbi mmoja katika mtaa wa Hammersmith alibandika tangazo kwamba hataionyesha, kwa kuwa ukumbi wake ni mahali pa kujifurahisha, si pa kutishia watu. Barua za kumjibu Henson zilimiminika. Baadhi ziliandikwa na wazazi waliofiwa, na hoja yao ilikuwa nyepesi kueleweka: ikiwa watoto wetu waliweza kuyavumilia hayo, sisi tuna haki gani ya kukataa kuyatazama?

Kuna kisa kimoja ambacho wanaochunguza filamu hii hawaachi kukitaja. Mwandishi Henry Rider Haggard, anayefahamika kwa wasomaji wa Kiswahili kupitia tafsiri ya riwaya yake, Mashimo ya Mfalme Sulemani, aliitazama filamu hiyo mwezi Septemba. Kilichomgusa zaidi, kwa mujibu wa shajara yake, ni namna mtu aliyekuwa anakimbia kwa nguvu zake zote anavyogeuka kuwa maiti kwa kufumba na kufumbua.

Tukio hilo ndilo linaloaminika kuwa la kubuni. Wanaonekana askari wakipanda kutoka handakini, mmoja akiteleza nyuma na kutulia, kisha wengine wakipita kwenye seng'enge ndani ya moshi na wawili wakianguka. Watafiti wa makumbusho ya Imperial War Museum wamelichambua kwa makini. Askari hao hawakubeba mizigo waliyoibeba wenzao siku hiyo. Kamera imesimama mahali ambapo mpigapicha asingeweza kuishi dakika moja. Mmoja wa "wafu" anaonekana akijiweka vizuri baada ya kufa, miguu yake ikijikunja kwa starehe. Inaaminika kwamba picha hizo zilipigwa katika shule ya mafunzo ya kijeshi mbali na medani, pengine kwa sababu wapigapicha walijua kwamba raia wangedai kuona kilele ambacho kamera yao haikuweza kukinasa.

Tukio lenyewe halizidi dakika moja na ushei, na watafiti wanakubaliana kwamba sehemu iliyobaki, kwa kiasi kikubwa, ni ya kweli. Hata hivyo, ni hiyo dakika ya uongo iliyokuja kutumiwa tena na tena, katika filamu na vipindi vya televisheni vya miaka ya baadaye, kama ushahidi wa jinsi vita vya kwanza vya dunia vilivyokuwa. Waliokufa kweli hawakufa mbele ya kamera, na hivyo waliojifanya kufa wakachukua nafasi yao.

Askari wenyewe walipata nafasi ya kuihukumu. Mwanzoni mwa Septemba ilionyeshwa kwa vikosi vilivyokuwa vimepumzishwa nyuma ya medani, kwenye uwanja wa wazi, mizinga halisi ikisikika kwa mbali. Ni vigumu kupata mfano bora wa upungufu wa sinema bubu, kwani kilichokosekana kwenye skrini kilikuwa kinanguruma nyuma ya kilima.

Wajerumani hawakukaa kimya. Januari 1917 walizindua filamu yao wenyewe kuhusu mashujaa wao wa Somme, na katika mwezi huohuo jeshi lao likaanzisha ofisi maalumu ya picha na filamu. Kabla ya mwaka huo kumalizika, kwa msukumo wa Jenerali Erich Ludendorff, kampuni kubwa ya UFA ilikuwa imeundwa, ambayo baada ya vita ilitoa baadhi ya filamu bubu bora kuwahi kutengenezwa. Nchini Uingereza, filamu ya pili, kuhusu mapigano ya Ancre na vifaru vipya, ilijaza kumbi mapema 1917. Ya tatu, kuhusu Arras, haikufua dafu. Watu walikuwa wamekwisha kuona, na vita havikuonyesha dalili ya kuisha.

Wakati London inapanga foleni, vita hivyohivyo vilikuwa vinapiganwa Afrika Mashariki. Julai 1916, mwezi ambao Malins alikuwa Beaumont Hamel, majeshi ya Uingereza yaliteka Tanga, na Septemba yakaingia Dar es Salaam. Nyuma yao walitembea wapagazi wa Carrier Corps, ambao jina lao limebaki katika mitaa ya Kariakor jijini Nairobi na Kariakoo jijini Dar es Salaam. Walikufa kwa maelfu, wengi wao kwa maradhi na njaa kuliko risasi. Mama wa mpagazi hakuwa na ukumbi wa kwenda kumtafuta mwanawe kwenye skrini.

Filamu bubu ya vita iliwafikia watu wa eneo hili kwa wingi baadaye, katika vita vya pili, wakati Ulaya na Marekani zilikuwa zimeiacha sinema isiyo na sauti kwa takribani miaka 10. Mwaka wa 1939 Uingereza iliunda Colonial Film Unit, kitengo cha filamu kwa ajili ya makoloni, na kukiweka chini ya William Sellers, aliyekuwa ametengeneza filamu za afya nchini Nigeria. Sellers aliamini kwamba Mwafrika hawezi kufuata picha zinazobadilika haraka, na akaagiza filamu za mwendo wa pole zisizo na mbinu yoyote ya kamera. Watafiti wa baadaye waliipinga nadharia hiyo, ambayo ilisema mengi kuhusu aliyeitunga kuliko kuhusu watazamaji.

Filamu hizo zilisafirishwa kwa magari yenye jenereta, skrini na kipaza sauti. Kwa kuwa hazikuwa na sauti, mfasiri alisimama kando ya skrini akieleza kwa Kiswahili au kwa lugha ya mahali hapo kinachoendelea: huyu ndiye fundi wa Kiingereza nyumbani kwake, hawa ni askari wa Mfalme, haya ni manufaa ya juhudi zenu. Maelezo yaliandikwa London. Yaliyotamkwa kijijini usiku, mbele ya umati unaocheka na kuuliza maswali, yalikuwa mikononi mwa mfasiri. Alikuwa na uwezo uleule aliokuwa nao mpiga piano wa 1916, na London haikuwa na njia rahisi ya kumkosoa.

Ama filamu ya Somme yenyewe, ilihifadhiwa na Imperial War Museum kuanzia mwaka wa 1920. Mwaka wa 2005 Shirika la Umoja wa Mataifa la Elimu, Sayansi na Utamaduni (UNESCO) liliiingiza katika orodha yake ya Kumbukumbu za Dunia, na mwaka uliofuata ikaonyeshwa upya kwa muziki mpya uliotungwa na Laura Rossi, kuadhimisha miaka 90 ya mapigano hayo. Malins alichapisha kitabu kuhusu kazi yake mwaka wa 1920, na humo karibu asimtaje McDowell, mtu aliyepiga baadhi ya picha nzito zaidi za maiti na majeruhi. Asiyekuwapo na lake halipo.

Makumbusho hayo yamekuwa yakipokea barua za familia zinazodai kuwatambua watu waliomo. Yule anayembeba mwenzake mgongoni ndiye anayedaiwa na wengi zaidi. Majina mengi yametolewa, na picha za nyumbani zikalinganishwa na sura yake, kovu kwa kovu. Hakuna jina lililothibitishwa pasipo shaka. Aliyebebwa, ambaye kichwa chake kimening'inia begani na uso wake hauonekani vizuri, hajulikani kabisa.